Mikono ya Mwanangu Kwenye Simu

Jumamosi, 9 Machi

Mvua imeingia leo saa kumi na moja jioni bila hodi. Nilikuwa na mashuka kumi na mawili ya nyumba ya wageni kwenye kamba. Nimeyaanua mbiombio, mawili yakaanguka kwenye tope, nikayafua upya huku nimenuna. Mwanangu kacheka mpaka akashika kiuno. Tulikuwa katikati ya maongezi, simu nimeiegemeza kwenye ndoo, akamwona mama yake anakatiza uwanja na shuka kichwani.

Daftari hili ni shauri lake. Anasema nikimsimulia naruka mambo. Niandike kila siku, nikienda nimpelekee asome mwenyewe. Haya, nimeanza.

Kwa kuwa daftari halimjui, nilieleze. Mwanangu ni kiziwi tangu homa aliyougua akiwa na miaka miwili. Ameolewa na seremala, naye kiziwi, na wanaishi mji wa pili, ng'ambo ya mto. Anatarajia kujifungua katikati ya Mei. Kwenye hospitali yao hakuna hata mtu mmoja anayejua lugha ya ishara, kwa hiyo tarehe mosi Mei nafunga mzigo wangu, naenda kusimama kati yake na wakunga. Mimi ndiye mdomo wake na masikio yake tangu mdogo. Hadi siku hiyo tunaonana kwenye simu hii ya zamani aliyoniachia alipoolewa, kila jioni kabla ya kupiga pasi.

Jumatatu, 11 Machi

Mvua. Nguo hazikauki.

Alhamisi, 14 Machi

Umeme ulikatika siku mbili na simu ikafa kabisa. Leo imewaka ikiwa imepoteza kila kitu, tarehe, mwaka, saa. Nimeirekebisha mwenyewe bila kumwita mtu. Redio iliposema sasa ni saa tatu kamili asubuhi, nami nikabonyeza tatu kamili. Wanaosema dobi hajui simu waje waone.

Jumapili, 17 Machi

Programu tunayoonania na mwanangu imegoma. Nimeifungua kama kawaida, ikaniandikia: "Toleo hili limepitwa na muda. Sasisha ili uendelee." Nikabonyeza Sasisha. Ikaandika: "Inasubiri kupakua." Sawa, nikasubiri nayo. Nimepiga pasi suruali sita na mashati tisa, narudi, bado inasubiri.

Jumatatu, 18 Machi

Inasubiri.

Jumanne, 19 Machi

Sasa imeacha kusubiri. Inasema: "Hitilafu imetokea. Jaribu tena." Nimejaribu tena mara kumi na nne. Mwanzoni nilidhani ni vidole vyangu, maana mkono uliotoka kwenye maji simu haiutambui. Nimejifuta, nimekausha mikono juu ya pasi, nimebonyeza kwa kidole kikavu kabisa. Hitilafu imetokea.

Mwanangu ameniandikia ujumbe. Anaandika kwa mpangilio wa ishara, na mimi nikisoma naiona mikono yake ikienda: "Mama kimya. Mikono yako mimi sioni. Hasira?"

Nimemjibu kwamba sina hasira, simu ndiyo yenye hasira. Lakini ujumbe hautoshi. Kwenye ujumbe siwezi kujua kama amevimba miguu, na yeye hatasema.

Jumamosi, 23 Machi

Shemeji amekuja, kaka wa marehemu mume wangu. Anauza kuku kwenye magulio, na humu ndani tunamwita Najua, kwa sababu hujamaliza swali keshasema najua. Nimemwonyesha simu.

"Najua," akasema. "Shemeji, simu imejaa. Hapa hakuna nafasi hata ya sindano. Lete nikufagilie."

Nikampa. Akakaa kwenye kigoda, akafuta hiki, akafuta kile, huku ananieleza habari za majogoo. Alipomaliza akatazama saa yake ya mkononi, ile anayoiringia, akatazama na simu yangu.

"Angalau saa yako inakwenda sawasawa," akasema. "Wengi simu zao zinadanganya."

Tukajaribu kupakua. Hitilafu imetokea. Akasema najua, ni mtandao, mvua imeuloanisha. Akanywa chai, akaondoka na kuku wake.

Jumapili, 24 Machi

Sijui niandikeje hii.

Asubuhi nimetaka kumwangalia mwanangu. Nilikuwa na video zake ishirini na tatu. Nyingine ni fupi, ananionyesha kabati alilotengeneza mumewe, ananionyesha tumbo kwa upande. Moja ni ndefu, dakika tatu nzima, siku aliyojua kwamba ana mimba. Anaanza kuniambia, analia, anaanza tena, mikono inakosea, anacheka. Hiyo nimeitazama labda mara mia.

Hazipo. Hata moja.

Nimekwenda hadi nyumbani kwa shemeji na mvua yangu kichwani, viatu mkononi. Nimemkuta anaziba paa la banda.

"Video za mwanangu ziko wapi?"

"Zile? Nimezifuta. Zilikuwa zimeharibika, shemeji. Zote hazina sauti."

Mtu huyu amemjua mwanangu tangu siku ya kwanza. Amembeba mgongoni. Miaka ishirini na minne amekula kwenye nyumba ambayo mtoto anaongea kwa mikono, na haijamwingia akilini kwamba video isiyo na sauti inaweza kuwa imejaa maneno.

Nikamwambia hivyohivyo. Nikamwambia na mengine ambayo sitayaandika, maana mwanangu atasoma. Hakusema najua. Alishuka kwenye ngazi, akakaa juu ya tenga, nyundo mkononi. Nikageuka nikaondoka, sikutaka hata mwavuli alionikimbilia nao.

Nimelia leo. Nimelia huku nafua, na kufua hakujawahi kunisaidia kama leo.

Jumatatu, 25 Machi

Nimemwandikia mwanangu kwamba video zote zimepotea. Nilidhani ataumia. Amejibu: "Video hakuna, sawa. Mikono mimi bado iko."

Jumanne, 2 Aprili

Nimempeleka mgonjwa kwa fundi simu wa kule kituo cha mabasi. Ni mwanamke wa rika la mwanangu, kabanda kake kama kabati, taa moja, kioo cha kukuzia kimefungwa kwenye jicho. Nikamsalimia. Akaitikia bila kuinua uso. Nikamweleza shida yangu yote, tangu Sasisha hadi shemeji. Alikuwa anachokonoa simu ya mtu mwingine na bisibisi ndogo kama unywele.

"Iache," akasema.

"Niiache hadi lini?"

"Iache tu. Simu ya zamani hiyo, itataka muda."

"Nina mtoto anayetarajia kujifungua. Akinitumia ujumbe utaupokea wewe?"

Akasema tena, kwa sauti ileile, "Iache," wala hajanitazama. Basi nikaichukua simu yangu nikaondoka. Dobi nimekaripiwa na wenye mashati kwa miaka thelathini, lakini angalau walinitazama usoni.

Jumatano, 3 Aprili

Mvua. Shati la mwalimu limeota ukungu kwenye kola.

Jumapili, 7 Aprili

Shemeji amekuja. Sikumkaribisha wala sikumfukuza. Amesimama mlangoni na simu yake mwenyewe mkononi.

"Yangu inayo ile programu," akasema. "Mpigie mtoto."

Nikaipokea, nikaiegemeza kwenye ndoo, na mwanangu akatokea. Uso umejaa, pua imekuwa pana. Nilimwona nikasahau kila kitu. Tuliongea robo saa. Miguu imevimba kidogo, anakula vizuri, mumewe ametengeneza kitanda cha mtoto kikubwa mno, mtoto atalala humo hadi aoe.

Shemeji alikaa pembeni anatazama mikono yangu, anatazama ya mwanangu, shingo inakwenda huku na huku.

"Hapo kasema nini?" akauliza. Mwanangu alikuwa amegonga paji la uso mara mbili kwa kidole kimoja, akinyanyua kidevu.

"Kakutaja wewe."

"Mimi? Hilo ni jina langu?"

"Ndiyo. Maana yake ni Najua."

Halafu akajigonga paji la uso mara mbili, akanyanyua kidevu, akageukia simu. Mwanangu akapiga makofi. Mzee wa watu akafuta macho kwa kofia.

Ameomba nimfundishe. Leo amejifunza mama, mtoto, maji na pole. Ishara ya mtoto anaikosea kila mara, mikono inakuwa juu mno, inasomeka mkate. Nimemwacha hivyo kwanza.

Simu yake hawezi kuniachia, ndiyo anayoitia wateja, na magulio ya Aprili yako mbali. Ameahidi kuja kila Jumapili.

Ijumaa, 12 Aprili

Daraja limechukuliwa na maji. Redio imetangaza saa moja asubuhi, nikadhani nimesikia vibaya, nikatoka hadi barabarani kuuliza. Ni kweli. Hakuna gari linalovuka, na walioulizwa wanasema matengenezo yatasubiri mvua ipungue, labda Juni.

Mei siendi tena. Nimerudi ndani nikautazama mfuko niliokwisha kuupanga, kanga mbili, sabuni, vijisoksi. Naogopa. Najua wodi zilivyo. Mkunga anasema jambo kwa haraka huku amegeuka, mtu wa kawaida analidaka, mwanangu atakuwa anatazama mgongo wa mtu. Alipong'olewa jino akiwa na miaka tisa walimshika miguu wakidhani anapigana nao, kumbe alikuwa anauliza kama watamchoma sindano.

Jumapili, 14 Aprili

Kwa simu ya shemeji tumekubaliana, mimi na mwanangu. Uchungu ukianza atanipigia video. Simu yake iwekwe mezani wodini, nesi aongee, mimi nitafsiri kwa mikono, yeye aniambie, mimi niseme kwa mdomo. Mumewe amekwenda kuomba kwa maandishi na mkubwa wa wodi amekubali.

Shemeji akasema ataniachia simu yake tangu tarehe mosi Mei, wateja wakae na njaa yao. Nimemshukuru kwa dhati. Ila mtoto hajui tarehe mosi. Simu inayotakiwa kupona ni hii yangu.

Alhamisi, 18 Aprili

Nimejaribu tena. Hitilafu imetokea. Maneno hayo sasa nayaota hata usiku.

Jumatano, 24 Aprili

Nimemeza kiburi changu, nikarudi kwa fundi.

Sikukaa mbali safari hii. Nimeingia hadi ndani ya kabanda, nikavuta ndoo yake, nikaikalia. "Siiachi," nikamwambia, "lakini na mimi sitoki. Binti yangu ni kiziwi, atazaa kwa simu hii."

Mkono wake ukasimama. Akaweka bisibisi chini, akanyoosha kiganja, nikampa. Akafungua duka la programu, hitilafu. Akazima akawasha. Akafuta takataka za duka lenyewe, hitilafu. Akajaribu mtandao wake, hitilafu. Nilikuwa nahesabu pumzi zake.

Ghafla akauliza, "Mama, sasa hivi ni saa ngapi?"

"Saa nne na dakika kumi."

"Umejuaje?"

"Si imeandikwa hapo juu? Nne na kumi."

Akaondoa kioo jichoni. Ndiyo mara ya kwanza kuuona uso wake. "Nani aliiweka hii saa?"

"Mimi. Kwa mkono wangu. Kwa redio."

Akaanza kucheka, akajizuia, akashindwa. Nikamwambia acheke amalize anieleze.

"Mama, simu haijui saa zetu. Hii saa nne yetu ya asubuhi, yenyewe inaiita kumi. Ukiiandikia nne, inajua ni alfajiri, watu wamelala. Mwezi mzima simu yako iko nyuma kwa saa sita."

"Na hilo linahusu nini kupakua?"

"Duka kabla halijakupa kitu linauliza simu, huko ni saa ngapi? Jibu lisipolingana linakuona mwizi, linafunga mlango."

Nikakaa na aibu yangu kwenye ndoo. Halafu hasira ikaja kidogo. "Simu hii imeandikwa Kiswahili," nikasema. "Mipangilio, Kiswahili. Hifadhi, Kiswahili. Hata hiyo hitilafu inaniambia kwa Kiswahili. Kumbe inajua Kiswahili chote isipokuwa saa?"

Akacheka hadi mwenye kibanda cha pili akachungulia. Akabonyeza mahali pa kuiacha simu ijiwekee saa yenyewe. Ikaruka ikaandika kumi na dakika kumi na nane. Akafungua duka, akabonyeza Sasisha. Kamstari ka kijani kakaanza kutembea.

Asilimia tano. Kumi na mbili. Thelathini na moja. Nikanyoosha kidole kuonyesha, kidole kikagusa, kamstari kakafutika.

"Mama! Usiiguse!"

Tukaanza upya. Mikono nimeikalia. Ilipofika mia, programu ikafunguka, na uso wa mwanangu ukatokea kwenye kile kiduara kidogo. Nikambusu fundi kwenye paji la uso, nikamwomba radhi kwa ile siku.

"Siku ipi?" akauliza.

"Ile uliyokataa kunitazama."

"Aa, ile. Nikiinua macho naangusha skrubu," akasema. "Halafu nakaa kutwa nzima nikiitafuta."

Alhamisi, 25 Aprili

Nimemwona jana jioni, nimemwona leo asubuhi, nimemwona leo mchana. Anasema nimezidi, ana kazi.

Jumamosi, 27 Aprili

Jua limetoka kwa saa tatu nzima. Mashuka yote yamekauka.

Jumatatu, 29 Aprili

Ameniita leo saa mbili asubuhi. Nilikuwa na mikono kwenye povu. Simu ikawaka, na nilipoona dari ya hospitali nikajua mtoto ameamua kuja mapema. Nilijifuta kwa gauni la mteja. Nitalifua upya.

Mkwe wangu aliinuliwa na wauguzi, akatolewa nje, lakini simu akaiacha mezani imesimama kwenye kikombe. Nesi akainama kwenye kioo, mwanamke wa makamo, ana haraka.

"Wewe ndiye mama anayetafsiri?"

"Ndiye."

"Mwambie bado, asisukume. Apumue tu."

Nikamwambia. Mwanangu akatikisa kichwa, akaniambia mgongo unauma kuliko tumbo. Nikamwambia nesi. Nesi akamgeuza upande, akamkanda, na nikauona uso wa mwanangu ukilegea. Alinitazama, akaniambia asante, akimaanisha sisi sote wawili.

Shida yangu ikawa ndoo. Niliegemeza simu ikateleza, nikaegemeza ikateleza, na ishara zinataka mikono miwili. Saa tatu shemeji akapita na matenga yake kwenye baiskeli kunisalimia. Aliona nilichokuwa nafanya, akaangusha baiskeli ilivyo, kuku na yote, akaja akaishika simu mbele ya uso wangu kwa mikono yote miwili. Amesimama hivyo saa moja na zaidi. Simu yake mfukoni iliita, ikaita, ikaita. Mikono ilipochoka akaiegemeza kwenye mlango.

Ikafika pale nesi aliposema, "Sasa. Sukuma." Nikasema kwa mikono, na nikaona kwamba amefumba macho. Maumivu yalikuwa yamemfumba macho, na mtoto wangu akifumba macho amefunga na masikio. Nikaonyesha sukuma, sukuma, nikapunga, nikaruka, nikapiga kelele kama mjinga. Nesi naye akaanza kumpigia kelele. Vurugu tupu.

"Nesi!" nikaita. "Hasikii! Mguse! Mgonge begani mara mbili, atanitazama!"

"Mara mbili?"

"Mbili, ya haraka. Ndivyo ninavyomwamsha tangu mdogo."

Akamgonga. Macho yakafumbuka, yakanitafuta, yakanipata. Sukuma, nikamwambia. Akasukuma. Tukaenda hivyo, nesi anagonga, yeye anafumbua, mimi naonyesha. Mara ya tano, mara ya sita. Baadaye nesi akawa haniulizi tena, akawa anagonga mwenyewe na kuonyesha kwa ngumi yake, akiiga mkono wangu, na ilikuwa sawasawa kabisa.

Halafu kichwa cha mwanangu kikaanguka kwenye mto. Nesi akainua kitu chekundu, kinateleza, miguu inarukaruka. Kisha sauti ikaja kwenye simu, kali, hadi shemeji akashtuka na picha ikacheza.

Mwanangu hakuwa anamtazama mtoto. Alikuwa ananitazama mimi. Akainua mkono mmoja, ule usio na sindano, akaniuliza: Analia?

Nesi alidhani anaomba maji, akageuka kutafuta kikombe. Mule ndani hapakuwa na mwingine wa kumjibu.

Analia, nikamwambia. Analia sana. Sauti kali, ana hasira na sisi wote.

Akauliza, bado analia?

Bado, nikamwambia.

Wakamlaza mtoto kifuani kwake. Akaweka kiganja mgongoni mwa mtoto, akahisi kule kutetemeka, uso wote ukafunguka, kisha macho yakafumba, safari hii kwa raha. Mimi nikaendelea kumwonyesha ishara ileile, analia, analia, ingawa hakuwa ananitazama tena.